Maneno Yanayosomwa Bila Kutafsiriwa

Dada yangu ni mkalimani wa mahakama. Watu wakisikia hivyo hudhani ni kazi ya kukaa kivulini na kuongea, na mimi nilikuwa mmoja wao. Siku nilipomfuata kazini ndipo nilipofunga mdomo. Shahidi, bibi mmoja mkongwe, alikuwa akieleza kwa lugha ya kwao jinsi alivyogongwa na pikipiki. Dada alisimama kando yake, mikono nyuma, macho chini, akasema kwa Kiswahili kilichonyooka: "Nilikuwa nimebeba ndoo. Nikaona mwanga. Mguu wangu ukavunjika hapa." Hakusema "anasema alikuwa amebeba ndoo". Alisema "nilikuwa". Mguu wake yeye ulikuwa mzima kabisa, na hakuna aliyecheka. Wakili akamgeukia Dada, "Mwulize kama alikuwa amevaa miwani," na hakimu akamkatiza palepale: "Wakili, mtazame shahidi, zungumza na shahidi. Mkalimani hayupo hapa."

Hayupo, na mtu amesimama pale na viatu vyake vyeusi! Mimi ni fundi wa lifti. Kwenye kazi yangu ukibonyeza kitufe, kitu kimepanda au hakikupanda, hakuna la katikati. Njia nzima nilimtania Dada kwamba anafanya kazi ya kutokuwepo na bado anarudi nyumbani amechoka. Lakini moyoni nilikuwa nimeshikwa na bumbuwazi. Sikuwahi kumwona mtu akijiondoa hivyo ili mwenzake apite.

Lugha anayoitafsiri ni lugha ya mama yetu. Baba ni fundi cherehani wa mjini. Mama alitoka mbali, kwa watu wenye usemi mwingine, na tangu waoane nyumbani kwetu kimesemwa Kiswahili tu. Dada, kwa kuwa ndiye wa kwanza, alilelewa na bibi mzaa mama mpaka alipoanza shule, akarudi kwetu ameiva. Mimi kitinda mimba niliambulia salamu na matusi mawili. Baba hatukuwahi kumsikia akitamka hata hayo.

Kilichompeleka Dada kwenye Kiaramu, lugha ya kale ya Mashariki ya Kati, ni kusubiri. Mahakamani inasikilizwa kesi moja na zinaahirishwa nyingi, na mkalimani hukaa kwenye benchi la nje mpaka aitwe. Hapo ndipo alipokuwa akisoma Maandiko, toleo lenye maelezo madogo chini ya ukurasa. Siku moja akafika kwenye kisa cha yule mfalme mkorofi aliyeota ndoto, akawaita wenye hekima wake, kisha akakataa kuwasimulia: waitaje wenyewe kwanza ndoto aliyoota, ndipo waifasiri, la sivyo shingo zao. Ni kitabu cha yule nabii ambaye baadaye alitupwa kwenye tundu la simba akaamka mzima. Chini ya ukurasa palikuwa na maelezo ya mstari mmoja tu: hapa, wenye hekima wanapofungua kinywa kumjibu mfalme, lugha ya kitabu inaacha kuwa Kiebrania, inakuwa Kiaramu.

Mwingine angefunua ukurasa akaendelea na safari yake. Dada alinipigia simu, nami niko juu ya kizimba cha lifti na spana mkononi.

"Mdogo wangu, hebu sikiliza. Mwandishi anaandika Kiebrania. Watu wa mfalme wanaongea Kiaramu. Badala ya kuwatafsiri, kawaacha waseme wenyewe!"

"Sawa. Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo hakurudi! Wao wamemaliza kusema, yeye anaendelea kusimulia kwa lugha yao ileile. Tanuru la moto, maandishi ukutani, simba, vyote. Mbele huko ndipo anarudi kwenye Kiebrania chake kama mtu aliyetoka chooni. Hasemi alikuwa wapi."

Nilicheka nusura niangushe spana. Yeye hakucheka. Aliniuliza swali ambalo mkalimani peke yake ndiye angeuliza: "Sasa pale katikati, mkalimani alikuwa nani?"

Swali hilo ndilo lililompeleka kwa Sista. Huyu alikuwa mtawa mstaafu aliyefundisha lugha za kale seminarini, na alasiri alikuwa akipokea yeyote mwenye hamu katika chumba cha nyuma ya maktaba, chenye meza ndefu na feni iliyokuwa ikilalamika kuliko wanafunzi. Wanafunzi wenyewe ni Dada, mseminari mmoja bingwa wa kupiga miayo, na mzee mpima ardhi aliyesema amekuja ili akili isiote kutu. Nyumbani tulipoambiwa "Kiaramu", Baba aliuliza kama ni dawa. Alipoelezwa akauliza tena, "Kinasemwa na nani siku hizi?" Dada akasema wapo bado, wachache, lakini hiki cha Maandiko ni cha zamani mno. Baba akatia uzi kwenye sindano, akasema, "Basi jifunze. Huenda wakakuhitaji kutoa ushahidi."

Siku moja nilifika mapema kumchukua Dada, na Sista akaniambia niketi, kiti hakiumi. Akanisogezea kitabu chenyewe. Herufi zilikuwa nene, za pembe pembe, zimepangwa kulia kwenda kushoto kama matofali. "Lugha inabadilika katika ukurasa huu," akasema. "Nioneshe wapi."

Nilitazama nikatoa macho. Yalikuwa matofali matupu, yote sawasawa.

"Huwezi kuona," akasema. "Herufi ni zilezile. Hata hizi tunazoziita za Kiebrania, Waebrania walizipokea kwa Waaramu." Kisha akaweka kidole, kidole chembamba chenye wino. "Ni hapa."

Nilitazama upande huu wa kidole, nikatazama upande ule. Hapakuwa na mstari, nafasi wala alama. Neno moja ni la lugha hii na la jirani yake ni la lugha nyingine, na anayesoma amevuka bila kuulizwa hati. Watu wamenakili ukurasa ule kwa mkono, kizazi baada ya kizazi, na hakuna aliyethubutu kuufuta mpaka ule wala kuuwekea ukuta. Wamepokea, wamepitisha.

Sista akatueleza walivyofanya watafsiri wa kale. Wagiriki walikuwa na tafsiri mbili za kitabu kile. Ya kwanza ilijiachia mno, hasa katika sura za katikati, mpaka makanisa yakaiweka kando yakasoma ya pili iliyokaa karibu na asili, na ile ya kwanza ikasalia katika nakala za kuhesabika. Wasiria nao walikuwa na yao, Walatini na yao. Na wote, walipofika pale kwenye kidole, mpaka ulifutika. "Kwa Kigiriki," Sista akasema, macho yakimcheka, "wenye hekima wanamjibu mfalme 'kwa Kiaramu', halafu wanatoa jibu kwa Kigiriki." Mseminari akaamka. Dada akasema polepole, "Ndiyo kazi yetu hiyo."

Mwaka huo huo Mama alianza kusahau.

Yalianza mambo madogo madogo, sufuria kaweka wapi, leo siku gani. Kisha majina yetu yakachanganyika, nikawa mjomba, nikawa jirani. Alasiri moja alikuwa ameketi dirishani, akaniambia kwa Kiswahili, "Niletee sukari ile iliyo…" na sentensi ikaishia katika lugha ya kwao. Nilingoja arudi. Aliendelea kusema, sauti imekuwa nyepesi, ya kisichana, akicheka na mtu nisiyemwona. Dada alikuwa mlangoni amejiziba mdomo kwa kiganja. Alijua alichokuwa akikitazama. Mama hakurudi tena kwenye Kiswahili, si siku ile wala baada yake.

Nyumba nzima sasa ilimtegemea Dada. Kila alasiri Baba alifunga cherehani, akapiga hodi chumbani kwa mke wake kama mgeni mwenye adabu. Mama akimwona alisema sentensi moja ndefu, ileile kila siku, inayopanda mwishoni. Baba akamgeukia Dada, "Anasemaje?"

"Anasema karibu, pole na kazi."

"Mwambie nimeshapoa." Na Baba akaketi, amefurahi, akamsimulia habari za wateja wanaonenepa na kumlaumu yeye kwa suruali kubana. Alizungumza na Dada, macho kwa Dada: mwambie hivi, mwambie vile. Mama alimtazama kwa wasiwasi. Mimi niliona wasiwasi ule, nikajiambia ni ugonjwa.

Halafu likaja somo la Targumu. Hilo ni neno lao la tafsiri kwa Kiaramu, na ni ndugu wa damu wa tarjuma yetu. Sista alieleza kwamba zamani, watu walipokuwa hawasikii tena Kiebrania vizuri, msomaji alisoma kutoka kwenye gombo, na kando yake akasimama mkalimani akitoa maneno yale kwa Kiaramu. Mkalimani hakuruhusiwa kutazama gombo, wala kuegemea nguzo, wala kupaza sauti kumpita msomaji. Kitabu cha simba ni miongoni mwa vile vichache vilivyokaa bila Targumu. Nusu yake tayari ilikuwa Kiaramu. Dada alisikiliza huku ameshika ukingo wa meza. Miaka yote amesimama mikono nyuma, bila kuegemea ukuta, bila kumpita shahidi kwa sauti, akidhani kanuni hizo zimetungwa na hakimu wetu. Aliniambia baadaye kwamba alihisi kuna mlolongo wa watu nyuma yake, wamesimama vilevile, na wa mwisho haonekani kwa umbali.

"Lakini walikuwa pia wakilainisha," Sista akaendelea. "Panaposema Mungu alishuka, wao wanasema alijidhihirisha. Kwa heshima. Na pako mahali ambapo hawakusema kabisa. Aibu za mababu, kwa mfano. Zinasomwa kwa Kiebrania, kwa sauti, mbele ya wote, na mkalimani ananyamaza."

Dada aliuliza, "Waliokuwa wakisikiliza walijua wamenyimwa?"

"Wengine walijua Kiebrania kidogo," Sista akasema. "Na mkalimani mwenyewe, bila shaka, alijua."

Tulipotoka, Dada aliketi kwenye ngazi za maktaba akalia. Nilidhani ni uchovu. Ndipo akaniambia Mama anasema nini kila alasiri. Hasemi karibu. Hasemi pole na kazi. Anasema: "Huyu mzee ni nani? Mwambieni aondoke, mume wangu yuko njiani."

Nilikaa chini kando yake.

"Usimwambie," nikasema. "Dada, nakuomba. Mzee mwenyewe amebakiwa na nini? Nyamaza, kama hao wazee wako wa Targumu."

"Wao walinyamaza. Mimi ninampaka Baba mafuta kwa mgongo wa chupa kila siku. Mahakamani ningefukuzwa."

"Hapa si mahakamani! Hapa ni nyumbani."

Nilikuwa nimekasirika, na nilichokikasirikia ni hofu yangu mwenyewe. Baba alikuwa akiishi kwa sentensi ile ya uongo. Asubuhi aliamka akanyoa ndevu kwa ajili yake. Ukimwondolea, ungekuta nini chini yake?

Njia ya mwongo ni fupi, na yetu ilikatika wiki ile ile. Baba aliingia na kikombe cha chai, Mama akasema sentensi yake, Dada akatafsiri pole na kazi, na Baba akasogea amshike mkono. Mama akakipiga kikombe kikaruka mpaka ukutani. Chai ikatiririka kwenye pazia alilolishona Baba mwenyewe. Hakuna aliyeokota vipande.

Baba alijifuta shati, taratibu. Kisha akasema, "Mwanangu, mdomo wa mama yako unasema karibu, na mkono wake unasema toka. Mimi ni fundi. Kitambaa kikivuta huku na kule najua kimekatwa vibaya. Kule kazini kwako unaapa. Sasa niambie. Mke wangu anasemaje?"

Nilimkazia Dada macho: nyamaza. Hakunitazama. Alisimama akaenda kando ya Mama, akaweka mikono nyuma, akainamisha macho. Nilijua kilichokuwa kinakuja nikataka kutoka nje, nikashindwa.

"Huyu mzee ni nani?" akasema Dada, kwa sauti ambayo haikuwa yake. "Mwambieni aondoke. Mume wangu yuko njiani."

Baba alibaki amesimama na leso mkononi. Nilimwona akizeeka mbele yangu, na nikamchukia Dada, na Sista, na Waaramu wote waliopata kuishi.

Baba akafungua mdomo. "Mwambie…" akaanza.

"Baba," Dada akasema kwa upole, "zungumza naye. Mtazame yeye. Mimi sipo."

Baba akageuka. Nadhani tangu Mama alipobadili lugha hakuwa amemtazama usoni moja kwa moja hata mara moja. Muda wote alikuwa akimtazama mkalimani. Akavuta kiti akaketi mbali kidogo, kama mtu asiyetaka kumtisha ndege.

"Samahani, binti," akasema. "Sikujua kama unamngoja mtu. Huyo mumeo yukoje?"

Dada akalisema kwa lugha ya Mama. Na Mama, ambaye wiki nzima alikuwa amekunja uso, akacheka. Akaanza kusimulia. Alisema kidogo, akangoja, Dada akatoa, akasema tena. Msomaji na mkalimani, kipande kwa kipande, na mimi nimesimama ukutani.

"Ni mrefu, shingo kama ya twiga. Ni fundi cherehani. Alikuja kwetu amevaa koti alilolishona mwenyewe, mkono mmoja mrefu kuliko mwenzake."

"Haukuwa mrefu!" Baba akaruka. Kisha akajishika. "Endelea, binti."

"Hajui lugha yetu. Kuna mtu njiani alimfundisha salamu moja, ya jioni, naye kaja asubuhi. Akamsalimu baba kwa salamu hiyo. Akamsalimu mama. Akawasalimu watoto mmoja mmoja. Akamsalimu na mbuzi. Watu wakavunjika mbavu."

"Walinicheka," Baba akasema kwa sauti ndogo, hakuwa akimwambia yeyote. "Na yeye alicheka mpaka akakimbilia jikoni. Nilimwona. Niliapa sitatamka tena neno la lugha ile mpaka kufa, nisije nikamwaibisha."

Dada alilitafsiri na hilo. Mkalimani hachagui. Mama alimsikiliza, akatikisa kichwa kwa nguvu, akasema kitu kwa haraka, na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nilimwona mkalimani wa mahakama akishindwa. Sauti ilimkatika. Akainua kichwa, akasema lote:

"Sikukimbia kwa aibu. Nilikwenda jikoni kumwambia mama: ni huyu. Mtu anayeweza kumheshimu hata mbuzi wetu kwa lugha asiyoijua, huyo ataniheshimu mimi. Nilikuwa nacheka kwa furaha. Akija nitamwambia. Sijapata kumwambia."

Hakuna nilichowahi kukisikia, kanisani wala kwingineko, kilichonipiga kama maneno hayo. Kwa Kiswahili Mama hakuwahi kuyasema, miaka yote ya ndoa. Yalikaa upande ule wa kidole, hatua moja kutoka kwetu, na sisi tukapita na kupita hatuoni mpaka ulipo. Na yalikuwa yamemfikia Baba kupitia kinywa cha binti yake, "mimi" ya mkewe, nzima, bila kulainishwa.

Baba alifunika uso kwa leso iliyolowa chai. Mabega yalimtikisika. Mama akamtazama mzee huyu anayelia, akamwonea huruma, akauliza kitu. Dada akasema, "Mbona unalia, baba? Umefiwa?"

"Hapana, binti. Sijafiwa." Baba akajipangusa, akajiweka sawa kwenye kiti. "Nimetoka mbali na nimechoka. Je, naweza kukaa hapa tumngoje wote?"

Mama alifikiri. Alitazama dirishani, akatazama mlango, akampima Baba toka viatu mpaka mvi. Kisha akajibu, na Dada akatoa jibu lake:

"Kaa. Lakini akija, umpishe."

"Nitampisha," akasema Baba.

Tangu siku ile hakukosa. Alasiri akifunga cherehani anapiga hodi, anaomba ruhusa, anapewa, na wanakaa wawili hao wakimngoja kijana wa koti. Kabla ya kuketi Baba humsalimu Mama kwa ile salamu ya jioni, neno pekee la lugha ile alilonalo, na Mama humsahihisha kila mara, akicheka.